Kivuli cha Mkaratusi

Jumatatu, 28 Septemba. Mkaratusi wa nyuma ya nyumba, hapa Kahe, umekauka, na mvua za vuli ziko njiani. Kutoka shinani hadi ukutani ni mita 12, kwa hiyo kabla ya kuita wakataji lazima nijue urefu wake. Saa mbili na nusu asubuhi nimesimamisha fito ya mita 1, kivuli chake kikawa sentimita 160. Moja gawanya kwa 1.6 ni 0.625, na jedwali la tanjenti linatoa pembe ya jua ya nyuzi 32; kivuli cha mti nikikizidisha kwa 0.625 napata urefu wake. Kivuli cha mti kilivuka mpaka, ncha ikazama kwenye jaruba la mpunga la jirani. Kijana wangu wa kidato cha pili amerudi na matope hadi magotini, bila kipimo.

Jumanne. Mtu amefunga mbuzi kwenye fito yangu. Mbuzi ameondoka nayo.

Jumatano. Fito mpya, lakini upepo umeilaza kidogo. Hesabu hii inadai mambo mawili: kitu kisimame wima na ardhi iwe tambarare. Likikosekana moja, pembe ya nyuzi 90 pale chini haipo, na jedwali halina kazi. Fundi muashi ameniazima timazi. Ameifuata mwenyewe kabla jua halijatoka mawinguni.

Alhamisi. Wingu kutwa, Kibo, kilele cha Kilimanjaro, hakionekani. Nimemweleza kijana habari za mkukusu wa bonde la Mrusungu, huko juu mlimani, ambao Andreas Hemp na wenzake waliutangaza mwaka 2016 kuwa mti wa asili mrefu kuliko yote inayojulikana Afrika: mita 81.5. Kwenye bonde lenye miteremko kama lile, kivuli hakipati pa kulala.

Ijumaa, 2 Oktoba. Saa sita na dakika 20 mchana kivuli kimetoweka chini ya fito. Kahe iko kama nyuzi tatu na nusu kusini ya ikweta, na siku hizi jua hutupita utosini likielekea kusini. Mwezi wa Machi hutupita tena likirudi. Kijana amegawanya 1 kwa 0, kikokotoo kikagoma, akadhani kimekufa. Ni kizima. Tanjenti ya nyuzi 90 haina thamani.

Muadhini alipita akitoka msikitini.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba, mwanangu. Ya nini kuhangaika na jua la mchana? Ngoja alasiri."

Nimefurahi mno kwa jibu lile. Kwa madhehebu ya Shafi, alasiri huingia kivuli kinapozidi kile cha adhuhuri kwa urefu wa kitu chenyewe. Leo cha adhuhuri ni sifuri, hivyo wakati wa alasiri kivuli hulingana na kitu: pembe ni nyuzi 45, tanjenti ni 1, hakuna cha kugawanya. Adhana ikalia kama saa tisa na dakika 20; kivuli cha fito kilikuwa sentimita 100 kamili. Kwenye ncha ya kivuli cha mti walikuwa wamelala ng'ombe wa jirani, wakakataa kuamka.

Jumamosi. Uwanja mtupu. Alasiri futi kamba imesoma mita 14 na sentimita 40. Mti ukiangukia nyumba, mita mbili na zaidi zitaingia paani. Utakatwa kuanzia juu, vipande vikishushwa kwa kamba. Mwenye kamba ya katani ya mita 30, naomba aniazime kabla mvua hazijaanza.