Hotuba ya Uzinduzi Kuhusu Ngozi ya Kuku, Iliyotayarishwa kwa Ajili ya Somanga na Ulimwengu Uliobaki

Elimu ya kuoka kuku, ambayo katika hotuba hii itaitwa elimukuku kwa kuwa hakuna mwanachuoni mwingine aliyejitokeza kuipa jina, ni tawi la maarifa linalochunguza ni kwa njia gani ndege wa kufugwa anaweza kuingizwa motoni na kutolewa akiwa na nyama laini yenye majimaji ndani, na ngozi iliyokauka nje kiasi cha kutoa mlio chini ya jino. Mtaalamu anayeihutubia hadhira hii ndiye mwasisi wa tawi hilo, mwenyekiti wake wa kudumu na, hadi sasa, mwanachama wake pekee aliyelipa ada. Shahada zake zote alijitunuku mwenyewe baada ya kujisahihisha kwa ukali usio wa kawaida, na jambo hilo linatajwa mapema ili muda usipotee baadaye kwa maswali ya vyeti.

Somanga, kwa faida ya wale wanaoifahamu kupitia dirisha la basi tu, ni makazi ya pwani katika wilaya ya Kilwa, kando ya barabara kuu itokayo Dar es Salaam kwenda Lindi na Mtwara, mahali ambapo abiria hupokewa na samaki wa kukaanga kabla hawajapokewa na ndugu zao. Mtaalamu ameichagua kuwa makao makuu ya elimukuku kwa sababu za kisayansi kabisa: machungwa hushuka kutoka vilima vya Matumbi, chumvi huvunwa katika mashamba ya chumvi ya pwani hiyohiyo, ndimu haziagizwi mbali, na barabara huleta vitunguu saumu kutoka nyanda za juu za Mbulu. Barabara hiyo, ni kweli, ina siku zake. Mwezi Mei 2024 mvua na kimbunga Hidaya viliikata katika eneo la Somanga, magari yakakwama na wasafiri wakakaa na njaa zao kando ya maji, na inasikitisha kwamba wakati huo elimukuku ilikuwa bado haijawafikia.

Ipo pia sababu ya nishati, ambayo wenye fikra nyepesi wataiona ni kejeli. Gesi asilia iliyogunduliwa katika kisiwa cha Songo Songo mwaka 1974, na kuanza kutumika mwaka 2004, husafiri chini ya bahari kwa takriban kilomita 25, hutua nchi kavu hapohapo Somanga, kisha huendelea ndani ya bomba kwa zaidi ya kilomita 200 hadi Ubungo, Dar es Salaam, ikazungushe mitambo ya umeme. Ni nadra sana katika historia ya mapishi kwa mpishi kupuliza mkaa uliolowa, machozi yakimtoka, huku moto wa mji mwingine ukipita jirani kimyakimya. Elimukuku hailalamiki kuhusu hilo, bali inaandika tu kwamba kuku wa Somanga huokwa kwa mkaa, na kwamba nadharia yoyote inayoanza kwa amri ya kuwasha oveni ya gesi kwa nyuzijoto 220 imeandikwa na mtu ambaye hakushuka kwenye basi.

Kihistoria, pwani hii ilikuwa na kila kilichohitajika karne nyingi kabla ya mtaalamu kuzaliwa, upungufu ambao hawezi kulaumiwa nao. Mifupa ya kuku imechimbuliwa na wanaakiolojia huko Unguja Ukuu, katika makazi ya milenia ya kwanza baada ya Kristo. Ibn Battuta, msafiri wa Tangier aliyefika Kilwa mwaka 1331, alisimulia jinsi alivyokirimiwa huko Mogadishu, kituo alichokipitia kabla, kwa wali uliopikwa kwa samli ukawekewa vitoweo vya kuku, nyama na samaki, pamoja na achari ya malimau. Kuhusu ngozi ya kuku yule hakuacha hata neno moja, na kimya cha msafiri aliyependa kueleza alichoandaliwa hakiwezi kufasiriwa isipokuwa kwa namna moja: ngozi ilikuwa imelowa. Tena, mtu mmoja wa msafara wa Francisco de Almeida, msafara wa Wareno uliouteka mji wa Kilwa mwezi Julai 1505, aliacha maelezo yanayotaja machungwa, malimau na vitunguu vidogo vya mji huo. Hapo basi palikuwa na tindikali, palikuwa na jamii ya vitunguu, na kuku hawakuwa mbali. Kilichokosekana kwa miaka 500 ni mtu wa kuandaa hotuba.

Kanuni Kuu ya elimukuku, ambayo mwasisi wake aliifikia bila msaada wa mtu, inasema kwamba ngozi haiwezi kulowa na kukauka kwa wakati mmoja. Wapo watakaodai kwamba hilo linajulikana na kila mtoto aliyewahi kuanika nguo, lakini watu haohao humtoa kuku kwenye beseni la maji, wakamtia motoni akichuruzika, kisha wakaulaumu mkaa. Maji huchemka yakifika nyuzijoto 100, na maadamu ngozi ingali na unyevu, joto lake halipandi sana kupita hapo, hata moto ukichochewa kwa hasira, kwa kuwa nguvu ya moto yote inatumika kuyageuza maji kuwa mvuke. Rangi ya kahawia na harufu inayowatoa majirani vyumbani mwao hutokana na jambo jingine, yaani mmenyuko wa Maillard, ulioitwa hivyo kwa heshima ya Louis-Camille Maillard, mkemia wa Ufaransa aliyeueleza mwaka 1912: vijenzi vya protini, vinavyoitwa asidi amino, hukutana na sukari zilizomo katika chakula chenyewe na kuzaa ladha mpya kwa mamia, na kazi hiyo hushika kasi joto linapokaribia nyuzi 140. Kati ya 100 na 140, kwa hiyo, pana mlango, na maji ndiyo bawabu anayeufunga.

Ngozi yenyewe imefumwa kwa kolajeni, yaani protini ngumu inayoshikilia viungo, na chini yake pana mafuta. Kolajeni inahitaji muda motoni ili ilainike, mafuta yanahitaji njia ya kutokea, na ni baada ya mambo hayo mawili tu ndipo ngozi inapobaki nyembamba na kukauka. Kuku wa kisasa, ambaye mafuta yake ni mengi na umri wake ni wa wiki chache, huyatimiza haya bila ubishi. Kuku wa kienyeji ni mwanariadha; ametembea, amekimbizwa, pengine amewahi kuvuka barabara kuu mbele ya basi la Mtwara akafika salama, na misuli ya namna hiyo haiokwi moja kwa moja bila kuwaaibisha wenye meno. Huyo achemshwe kwanza kwa moto mdogo hadi alainike, atolewe, afutwe, aachwe akauke kabisa, ndipo apelekwe kuokwa, na mchuzi wake utunzwe kwa ajili ya wali.

Utaratibu wa maandalizi ni huu. Kuku apasuliwe mgongoni kwa kisu kizito na kulazwa wazi, kifua juu, ili moto umfikie sawasawa. Afutwe kwa kitambaa safi ndani na nje hadi kitambaa kitoke kikavu. Apakwe chumvi ya unga, kijiko kimoja cha chai kwa kila kilo moja ya nyama. Chumvi kwanza huvuta maji kutoka ndani, jambo linalowatisha wanafunzi wapya, kisha maji yale yenye chumvi hurudi ndani ya nyama yenyewe, ngozi ikabaki nje inakauka. Penye friji, akae humo usiku mzima bila kufunikwa, chini kabisa, asidondoshee vingine maji yake. Pasipo friji, au umeme ukiwa umekwenda kutembea, awekwe kivulini penye upepo chini ya kawa, kwa muda usiozidi saa moja, kwa sababu joto la pwani hustawisha vijidudu upesi kuliko linavyokausha ngozi. Na upepo wa kusi ukivuma, kazi huwa nusu. Mlinzi awepo, na asiwe paka.

Hapa ndipo inapoingia hoja ya ndimu, ambayo imevunja urafiki mwingi. Desturi ya pwani ni kumwosha kuku kwa ndimu ili kuondoa harufu, na elimukuku, ambayo haina jeshi, haijaribu kuipiga marufuku. Inadai tu kwamba baada ya kuoshwa afutwe upya hadi akauke, na pale alipooshewa pasuguliwe kwa sabuni, maana maji ya kuku mbichi hurukia mbali kuliko macho yaonavyo. Kosa lenyewe ni kumloweka usiku kucha ndani ya maji ya ndimu kwa imani kwamba uchachu ukizidi na utamu utazidi. Tindikali huikaza nyama ya juu ikapauka, huongeza unyevu kwenye ngozi, na, baya zaidi, huuchelewesha ule mmenyuko wa Maillard, ambao haupendi mazingira ya uchachu. Maji ya chungwa huongeza balaa la sukari, ambayo huungua na kuwa nyeusi kabla paja halijaiva. Harufu inayotafutwa haikai katika maji ya tunda, inakaa katika ganda, kwenye vifuko vidogo vya mafuta ambavyo humrukia machoni kila anayemenya chungwa kwa kucha. Ganda la juu la limau, au la danzi, yaani chungwa chungu ambalo wengi huliacha lioze mtini, likwanguliwe bila kufikia utando mweupe wenye uchungu, lichanganywe na mafuta kidogo, lipakwe chini ya ngozi. Vipande vya tunda lililobaki vitandikwe chini ya kuku. Maji yake yahifadhiwe kikombeni hadi mwisho, na mwisho haujafika.

Kitunguu saumu nacho kina siasa zake. Punje nzima haina harufu kali. Inapopondwa kinuni, kimeng'enya kilichokuwa kimetengwa ndani ya seli hukutana na kemikali iitwayo aliini, na hapo huzaliwa alisini, dutu yenye ukali ule unaojulikana hadi siku ya pili. Kwa sababu hiyo kipondwe na kuachwa kwa dakika chache kabla ya kukutana na moto, kisha kiingizwe chini ya ngozi pamoja na ganda la limau. Kikipakwa juu kitaungua na kuwa kichungu mapema, na mpishi atajitetea kwamba alitaka iwe hivyo.

Kuhusu chombo, nyumba nyingi za Somanga hazina oveni, lakini zina sufuria kubwa, mchanga na mkaa, na kwa mtu aliyesoma elimukuku hizo ni oveni zilizotawanyika. Mchanga mkavu utandazwe chini ya sufuria kwa unene wa vidole viwili, kwa kuwa hushika joto na kuligawa taratibu. Juu yake viwekwe vijiwe vitatu na sahani ya bati yenye kuku. Sufuria ikae juu ya seredani, nayo mfuniko ubebe makaa mengi kuliko ya chini, kama wafanyavyo waoka mkate wa kumimina. Mfuniko usizibe. Uachiwe upenyo wa unene wa kidole ili mvuke utoke, kwa maana mvuke uliofungiwa huifanya oveni kuwa chungu cha kuchemshia, na kazi yote ya kitambaa, chumvi na mlinzi asiye paka itakuwa imepotea bure. Kuku wa kilo moja na robo atahitaji kama saa moja, pengine na ziada, kutegemea upepo na ubora wa mkaa. Mwenye kipimajoto atafute nyuzi 74 katika sehemu nene ya paja. Asiye nacho achome hapohapo kwa kisu, aone maji yakitoka maangavu bila wekundu, na mguu ukilegea unapotikiswa.

Pingamizi moja linastahili kujibiwa, kwa sababu hutolewa kwa sauti kubwa na kina mama wanaokaanga samaki pale stendi. Wao husema kwamba wamekuwa wakimpasua samaki, wakimtia chumvi, wakimtundika akauke, wakimpeleka kwenye mafuta ya moto, na kumkamulia ndimu akishaiva tu, tangu enzi za bibi zao, na huuliza ni kipi hasa ambacho mtaalamu amekigundua. Jibu ni kwamba kina mama hao waliiga nadharia hii kabla haijatungwa, jambo ambalo si kosa kisheria lakini lilipaswa kutanguliwa na barua ya kuomba ruhusa. Aidha, samaki si kuku. Walipoombwa kutaja jina la mmenyuko unaotokea kikaangoni, mmoja wao alitaja bei.

Kuku akiiva atolewe na kupumzishwa kwa dakika 10 pasipo kufunikwa, maana kumfunika wakati huo ni kumrudishia maji yote yaliyofukuzwa, ilhali kumkata papo hapo ni kuyamwaga majimaji ya nyama mezani. Baada ya dakika hizo akatwe, na ndipo kile kikombe cha maji ya limau kinapoitwa: yanyunyizwe juu ya nyama iliyokatwa, upande wa ndani, yasiguse ngozi. Firigisi imekwisha tengwa kwa ajili ya mwenyekiti. Maswali yote kuhusu hotuba hii yatapokewa ndani ya dakika hizo 10 tu, kwa kuwa mtaalamu hazungumzi akiwa anatafuna.