Milima Isiyo na Ramani

Mashine ya ECG ya wodini kwetu, ile ya kupima moyo, ina akili kuliko mimi. Ukishambandikia mgonjwa vibandiko vyake kumi, inachora, halafu inaandika yenyewe juu ya karatasi mtu anaumwa nini. Mimi ningeridhika hapo. Lakini mkufunzi wetu, mama asiye na simile, huukunja ule ukingo wa juu kabla sijasoma hata neno moja. "Haya mwanangu, unaona nini?"

Naona milima. Jibu hilo halikubaliki.

Eti nihesabu miraba. Karatasi inakwenda milimita 25 kwa sekunde, kwa hiyo mraba mkubwa ni sekunde 0.2. Chukua 300, gawanya kwa miraba mikubwa iliyopo kati ya kilele na kilele, umepata mapigo kwa dakika. Miraba minne, mapigo 75. Mioyo ya kitabuni yote hugawanyika kwa adabu hivyo. Ya wodini inatoa miraba minne, mara miwili na nusu, mara mitano, na nikiuliza nichukue ipi naambiwa huo ndio ugonjwa wenyewe: mpangilio hakuna, wimbi la P halipo, vyumba vya juu vya moyo vinatetemeka tu. Si wangesema mapema? Kikokotoo nimeshakitoa mfukoni!

Na hiyo P. Einthoven, Mholanzi aliyepewa Nobel mwaka 1924, aliyaita mawimbi P, Q, R, S, T, kana kwamba herufi za mwanzo zilikuwa na wenyewe. Wagonjwa wake walitumbukiza mikono na mguu kwenye vyombo vya maji ya chumvi. Tunacheka, ila maji ya chumvi hayabanduki. Vibandiko vyetu, kwa joto hili la Dar, vikigusa kifua chenye jasho vinateleza, na mstari kwenye monita unalala bapa huku mwenye moyo anapiga soga na jirani.

Basi tunawasha kiyoyozi. Jasho linakauka, mzee wa watu anaanza kutetemeka kwa baridi, na karatasi inajaa vimistari vya ovyo vinavyofanana kabisa na ule ugonjwa wa vyumba vya juu. Nikautaja kwa mbwembwe zote.

"Tazama vilele," mama akasema. "Vinakuja kwa hatua sawa. Mletee shuka, upime tena."

Mzee akadakia: "Na chai ya moto, mwanangu."