Kwenda Kilimanjaro Bila Kupanda Mlima

Kilele cha Uhuru kiko mita 5,895 juu ya usawa wa bahari. Kukifikia kunataka siku 5 au zaidi, ada za hifadhi, wapagazi, mpishi, na usiku wa mwisho wa kutembea gizani kwenye baridi kali huku kichwa kinagonga. Wanaogeuka njiani si wachache, na baadhi yao ni watu wa mazoezi ya kila siku, kwa kuwa ugonjwa wa mwinuko hauogopi misuli ya mtu. Hans Meyer na Ludwig Purtscheller walifika juu mwaka 1889, na Yohani Kinyala Lauwo wa Marangu anakumbukwa kuwa ndiye aliyewaongoza. Desemba 1961 Alexander Nyirenda akausimamisha Mwenge wa Uhuru kileleni. Makubwa ya huko juu yamekwisha kufanywa, ndugu yangu. Hakuna anayekusubiri.

Wewe unataka picha nzuri, habari za kusimulia, na jioni kulala kitandani. Unataka vitu vya maana kabisa, na vyote vinapatikana kwa siku moja ukitokea Moshi mjini: maporomoko ya Materuni asubuhi, kahawa mchana, chemchemi ya Chemka alasiri. Fuata maelekezo haya nawe utarudi na mlima mfukoni, magoti yako mazima.

1. Chagua kundi, kisha likamate

Tafuta safari ya watu 6 au 7 wanaoenea kwenye Noah moja. Ya Kosta nzima iache. Kijia cha Materuni kina sehemu nyembamba ambazo watu hupita mmoja mmoja, na kundi la watu 25 hutumia siku nzima kusubiriana.

Kabla ya kulipa, uliza mambo matatu: kiingilio cha Materuni kimo? Cha Chemka kimo? Chakula kimo? Bei ikiwa ya chini kupita kiasi, jua kuna kilichoachwa nje, na utakilipia getini huku wenzako wanakutazama.

Chagua siku ya katikati ya juma. Mwisho wa juma Chemka hujaa watu, muziki na moshi wa nyama choma. Kama ndicho unachopenda, nenda Jumapili na ufurahi, ila usitarajie picha ambayo uko peke yako majini. Machi hadi Mei ni masika. Njia huwa tope jekundu linaloteleza, na hapo hakuna ujanja wa kukusaidia zaidi ya kiatu chenye meno.

2. Piga picha ya mlima kabla ya chai

Hili wengi huliweka mwisho, na hulikosa. Kibo, kilele kirefu cha mlima, hujionyesha alfajiri, hujifunika mawingu jua linapopanda, na mara nyingine huchungulia tena jioni. Saa tatu asubuhi ukianza kuutafuta mlima, utapiga picha ya wingu. Basi amka saa kumi na mbili, panda kwenye paa la nyumba ya wageni au toka nje mahali pa wazi, vaa begi la mgongoni na kofia, ugeukie kidogo mlima kama mtu anayepima njia, upigwe picha. Kisha rudi ukanywe chai.

Umeshapata nusu ya ulichokuja kutafuta, na bado hujavaa soksi.

3. Tembea nyuma ya mwongozaji

Sasa siri kubwa. Watu hudhani asiye na pumzi mahali pake ni mkiani. Wanajiumiza bure. Aliye mkiani hapumziki kamwe: wenzake husimama kumsubiri, hupumua, hunywa maji, hupiga soga, na yeye anapofika tu, wanaondoka. Ameongeza aibu juu ya uchovu.

Shika nafasi ya pili, mgongoni kwa mwongozaji. Hapo kasi ya kundi ni kasi yako. Ukipunguza mwendo, wote wamepunguza. Ukisimama, wote wamesimama, na hakuna atakayejua ni kwa nini. Waongozaji wa mlima huu husema “pole pole” kutwa nzima, na wanajua wanachosema. Wewe lirudie neno hilo kwa sauti, ukiwaangalia walio nyuma yako kwa huruma.

4. Ukiishiwa pumzi, uliza swali

Kutoka kijiji cha Materuni hadi kwenye maporomoko ni mwendo wa kama saa moja, kwenye ubavu wa mlima, katikati ya migomba. Kuna vipande vinavyopanda. Kifua kikianza kukubana, usishike kiuno. Elekeza kidole.

“Kaka, huu mfereji unatoka wapi?”

“Huu ni mfongo, dada. Unatoka juu kule mtoni.”

Tulia hapo, sikiliza vizuri, maana hapa ndipo ujanja wako unapokulipa kuliko ulivyotegemea. Wachagga wamechimba mifongo tangu zamani, kabla hawajafika wakoloni: unatega mto juu kabisa, unayaongoza maji yazunguke kilima kwa mteremko mdogo sana, hadi yafike kwenye mashamba ambayo mto wenyewe umeyapita mbali, chini bondeni. Hakuna pampu. Kuna zamu za kumwagilia, kuna siku za kuzibua na kukarabati, na kuna maneno makali kwa anayeiba zamu ya mwenzake. Mwongozaji mzaliwa wa hapo atakueleza zamu ya kwao ni lini, na nani huwa anachelewa kufunga maji. Umepumua dakika tatu.

Kwenye kilima kinachofuata, ulizia kihamba, yaani shamba la nyumbani. Utaambiwa utazame juu, kisha katikati, kisha chini: miti mirefu inakinga jua, migomba iko chini yake, kahawa chini ya migomba, magimbi na maharage chini kabisa. Ng'ombe yuko bandani, analetewa majani na mashina ya migomba, na mbolea yake inarudi shambani. Familia imeishi kwenye eneo hilo dogo vizazi na vizazi, na wazee wao mara nyingi wamezikwa humo humo. Dakika nyingine tano.

Ukibaki na mlima mmoja mkali, uliza habari za ushirika. Wakulima wa kahawa wa hapa waliunda chama chao mwaka 1925, na mwaka 1933 ikaja KNCU, moja ya vyama vya ushirika vikongwe kabisa Afrika. Swali hilo ukimwuliza mwongozaji mwenye umri, linaweza kukufikisha hadi chini bondeni bila kuhema.

Utaona wenzako wenye mapaja ya chuma wamesimama nyuma yako wakisubiri, wanapiga picha za miguu yao. Wamepita katikati ya shamba bora kabisa la Tanzania bila kuuliza hata jina la mfereji waliouruka. Wewe uliyekuwa unatafuta pumzi ndiye utakayerudi unajua ulikopita.

5. Kwenye maporomoko, mfupishe mpiga picha

Maji yanaanguka kutoka karibu mita 80. Ukipigwa picha na mtu aliyesimama wima utaonekana wewe na ukuta wa mawe. Mwambie achuchumae, ashushe simu karibu na ardhi, nawe usimame mbali na maji, karibu na yeye. Maporomoko yatapanda nyuma yako mpaka juu ya picha, na wewe utakuwa mrefu.

Kuoga si lazima. Maji ni ya baridi hasa, na manyunyu yake peke yake yatakulowesha nywele kiasi cha kutosha kuaminika. Ila ukiwa na moyo, ingia, upige kelele, utoke. Ukae dakika moja tu, ndiyo utakayoikumbuka.

6. Wahi mchi

Mkirudi kijijini mtakaribishwa kwenye kihamba kutengeneza kahawa. Kama kuna bibi mwenye nyumba, mwamkie kwanza kabla ya kutoa simu. “Shikamoo bibi.” “Marahaba mjukuu wangu, karibu.” Anayesalimia huketishwa pazuri, na pazuri ni upande ambao moshi wa kuni hauendi.

Buni huwa imekwisha kukaushwa, maana kuikausha ni kazi ya siku nyingi. Kazi inayobaki ni kutwanga maganda yatoke, kupepeta, kukaanga, kutwanga tena, kuchemsha na kuchuja. Jitolee zamu ya kwanza kabisa. Mwanzoni kila mtu anatazama, nyimbo na makofi ndiyo kwanza yanapamba moto, na simu zote ziko juu. Twanga kwa nguvu, pigo kumi na tano hivi, cheka, kisha mkabidhi mwenzako mchi kwa ukarimu mkubwa. Zamu za mwisho, za kutwanga kahawa iliyokaangwa hadi iwe unga, ni ndefu na hazina wapiga picha.

Usikwepe kukaanga. Sogea karibu na chungu. Buni inaanza kijani ya kufifia, inageuka njano, kisha hudhurungi, halafu inaanza kutatarika, na harufu inabadilika ghafla, kutoka ya nyasi zilizokauka hadi ya kahawa yenyewe. Anayekoroga hatumii saa, anasikiliza. Ukiipata sekunde ile ya mabadiliko, hutakunywa tena kahawa ya unga wa kopo kwa amani.

Kula chakula cha ndizi, mtori au machalari, mpaka ushibe. Mbege, pombe ya ndizi na ulezi, ukipewa, pokea kata kwa mikono miwili, onja, shukuru, pitisha. Mbege ina nguvu kuliko inavyoonekana, na bado una miadi na maji ya kina.

7. Kaa nyuma ya dereva

Kutoka Moshi kwenda Chemka kupitia Boma Ng'ombe mnaelekea magharibi, kwa hiyo mlima uko kulia, upande wa dereva. Mawingu yakipasuka hata kidogo, dirisha ni lako na wenzako watakuomba uwapigie. Mkiacha lami kuelekea Rundugai, funga hilo dirisha haraka. Vumbi la hapo linaingia hadi kwenye meno.

Mkiwa bado garini, fanya jambo moja ambalo halina njia ya mkato: kama hujui kuogelea, mwambie mwongozaji. Mnong'oneze ukiona haya, lakini mwambie. Chemka ni ya kina, maji ni maangavu mno hata chini panaonekana karibu kuliko palivyo, na hapo majivuno hayaelei. Kodi mpira wa gari, ukae juu yake, uzungushe miguu. Kwenye picha hakuna anayeweza kutofautisha anayepumzika na asiyejua kuogelea.

8. Usiruke, na usionekane hujaruka

Utatoka kwenye nyika kavu, mara unaona mikuyu mikubwa imekumbatia bwawa la buluu, mizizi imening'inia hadi majini. Maji ni ya uvuguvugu tu, si ya kuunguza. Samaki wadogo watakuja kukudonoa vidole; tulia, wataendelea. Anayepiga kelele huwafukuza na kuwapa wenzake kicheko.

Kwenye tawi kuna kamba. Mtu hupanda kwenye mzizi, hushika fundo, hujitupa, na akifika katikati huachia. Hatari iko kwa mwenye kusitasita: anayeng'ang'ania kamba hurudishwa kwenye mizizi kwa kasi ile ile aliyoondokea. Kwa hiyo ama uruke ukiwa umeamua, ama usiruke kabisa.

Usiporuka, mahali pako papo. Kila kundi linahitaji mtu wa kushika simu. Jitangaze mapema, kabla hujaombwa kuruka: “Leteni simu, mimi nitawapiga wote.” Umekuwa mtu muhimu kuliko warukaji, na jioni kila mmoja atakuwa anakutafuta umtumie picha zake.

Sabuni na shampuu ziache kwenye begi. Watu walio chini ya chemchemi hii wanamwagilia mashamba kwa maji hayo hayo unayokaa ndani yake.

9. Ukiulizwa kama ulifika kileleni

Utaulizwa, na huna haja ya kudanganya. Sema umetoka Kilimanjaro. Materuni iko kwenye ubavu wa mlima wenyewe, na mkoa mzima una jina hilo.

Akiendelea kubana, msimulie maji. Mwambie mvua inayonyesha kwenye misitu ya mlimani kwa sehemu hushuka na mito, kama ile uliyoiona ikianguka Materuni, na kwa sehemu huzama kwenye miamba ya volkano, ikasafiri chini kwa chini hadi ikaibuka tambarare, kama pale Chemka. Mwambie maji ya Chemka huingia mto Kikuletwa, Kikuletwa hukutana na Ruvu kwenye bwawa la Nyumba ya Mungu, na kutoka hapo ni mto Pangani, unaozungusha mitambo ya umeme kabla ya kuingia Bahari ya Hindi. Aliyepanda kilele kwa siku 6 aliona barafu na mawe, na ustahimilivu wake nauheshimu. Lakini mlima unavyolisha watu huonekana huku chini, na wewe umeuona kwa siku moja, ukiwa umekaa juu ya mpira wa gari.

Kahawa ya kupeleka nyumbani inunue kwa bibi kule Materuni, kwa bei aliyotaja. Usimwombe apunguze, umeona mwenyewe ni kazi kiasi gani. Na bakshishi ya mwongozaji na dereva iandae mkiwa bado njiani kurudi, noti mbili zilizokunjwa mbalimbali, umpe kila mmoja mkononi kabla gari halijasimama Moshi mjini, kwa sababu likishasimama watu hutawanyika, na dereva ndiye husahauliwa.