Namna ya Kumtibu Paka Mpaka Afe

Paka akiugua, mtaa mzima hupata udaktari. Kwa ambao hawajahitimu, hizi hapa taratibu zetu, pamoja na matokeo yake.

1. Subiri. Paka dume akichuchumaa kila mara, akajikamua na kulia bila tone kutoka, sema amefunga choo, kisha umpe mafuta ya nazi. Kumbe kilichoziba ni njia ya mkojo, na hilo humuua ndani ya siku chache. Subira huvuta heri. Hapa huvuta jembe.

2. Shusha homa. Mguse masikio. Ana moto! Usijali kwamba joto la kawaida la paka ni nyuzi 38 hadi 39. Mkatie parasetamoli. Ini lake haliwezi kuivunja dawa hiyo, na kidonge kimoja cha miligramu 500 chatosha kumuua. Ufizi hugeuka rangi ya matope, uso na nyayo huvimba, pumzi humpaa. Baada ya hapo, kweli, atapoa.

3. Amekula sumu? Maziwa. Jirani atakwambia hivyo kabla hujamaliza kusimulia. Maziwa hayaondoi sumu ya panya, na paka wakubwa wengi huwaharisha. Pakiti ya sumu, ambayo daktari angeisoma akajua pa kuanzia, itupe jalalani mapema.

4. Viroboto: mpake mafuta ya taa. Watakufa, hilo halina ubishi. Ngozi nayo itababuka, na paka atajiramba mpaka mapafu yapate sehemu yake. Mafuta yakiisha, ipo dawa ya viroboto wa mbwa yenye permethrini. Hiyo humtetemesha paka mwili mzima.

5. Jeraha la ugomvi. Paka shume wa mtaani amemtia jino. Tundu hujifunga juu, usaha ukatunga ndani, na baada ya siku mbili tatu shavu limekuwa kama ndimu. Mmwagie ile dawa ya kuulia vijidudu inayogeuka nyeupe ukiitia maji. Ni sumu kwake, lakini inanukia kihospitali. Maji yaliyochemshwa yakapoa, nusu lita kwa kijiko kimoja cha chai cha chumvi, yangesafisha jeraha mpaka afike kwa daktari. Ila hayana harufu, nani atayaamini?

6. Uzi unaning'inia mdomoni? Vuta. Huenda upande wa pili kuna sindano ya cherehani. Utajua ukishavuta.

7. Akikuuma, cheka. Kichaa cha mbwa kina jina la mbwa, basi paka hana habari nacho! Kuosha jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha kwenda hospitali siku hiyohiyo, waachie waoga.

Kwa wavivu wasioweza kazi yote hiyo, ipo njia ya mkato. Mviringishe paka kwenye taulo, kichwa kikiwa nje. Mtie kwenye boksi lenye matundu. Usimpe kitu. Mpeleke kwa daktari wa mifugo, ukieleza amekula nini na tangu lini. Dereva wa bodaboda atakucheka, na daktari aliyezoea ng'ombe atauliza kama huna kazi. Paka akipona hatakushukuru. Atakuparura kwa sababu ya lile boksi.