Jibu la Pili Uani Kwetu

Nyumba yetu ya Mchikichini ina wapangaji wengi na ua mmoja, kwa hiyo siri haikai. Binti yangu wa kidato cha pili alipolalamika kuwa hesabu imemshinda, wasuluhishi walijaa kabla sijapata miwani.

Swali lilikuwa fupi: √(x + 6) = x. Tafuta x.

Shemeji yangu, muuza mitumba wa Soko la Karume anayejiona mhasibu, akanyakua chaki. Ubao wetu ni mlango wa stoo. Akaguna mbele ya alama ile ya √, akasema dawa yake ni kuweka kipeo cha pili pande zote mbili. Kweli, ikabaki x + 6 = x². Akahamisha: x² − x − 6 = 0. Akatafuta vigawo: (x − 3)(x + 2) = 0. Majibu yakawa 3 na −2. Uani kukapigwa makofi.

Hapo LUKU ikaisha. Tukawasha tochi za simu, na ubishi ukaanza: mpangaji wa chumba cha mbele akasema hasi haimpendezi, shemeji akauliza nani hukataa nyongeza.

Mama mkwe, aliyeuza viatu vya mitumba miaka mingi, akamkata kauli. "Baba, kiatu hakinunuliwi kwa macho. Vaeni!"

Tukavalisha. Weka 3: 3 + 6 ni 9, kipeuo chake cha pili ni 3. Kimeingia. Weka −2: −2 + 6 ni 4, kipeuo chake ni 2, wala si −2.

"Lakini −2 mara −2 si ni 4?" shemeji akafoka. Ni 4, ndiyo. Hapo ndipo tatizo lilipo. Alama ya √ hutoa kipeuo kisicho hasi tu, ilhali ukiweka kipeo cha pili, 2 na −2 zote huwa 4 na hutajua ipi ilikuwa ipi. Shemeji hakukosea hatua hata moja, na bado jibu bandia lilipenya. Ndiyo maana hesabu hizi haziishi kwenye mstari wa mwisho.

Shemeji alikuwa bado anabisha harufu ilipotufikia. Maharage yalikuwa yameshika sufuria, na hakuna aliyekubali kuwa ndiye aliyeachiwa jiko. Tukanunua chipsi mayai, kwa pesa ya shemeji.

Mzazi mwenzangu, mwanao akileta mlinganyo wenye kipeuo, epua sufuria kwanza, kisha mwambie ajaribishe kila jibu kwenye swali lenyewe.