Habibi wa Uani Kwetu

Ndugu yangu msomaji, kama una mke, watoto, mama mkwe na shemeji aliyerudi kutoka Uarabuni, vuta kigoda ukae. Mimi na wewe tumelala njaa moja. Na kama bado hujaoa, kaa vilevile usikilize, kwa maana yatakufika.

Kisa chenyewe kilianzia stesheni ya Kilosa, ile mpya ya treni ya umeme. Shemeji yangu, mdogo wake mke wangu, alikuwa Muscat miaka minne akiendesha gari la familia moja ya huko. Watoto wangu wanamwita Mjomba Muskati. Alishuka na mabegi matatu, katoni ya tende na harufu ya udi iliyotutangulia hadi nje. Akanikumbatia, akanipiga busu la shavu, akasema, "Habibi!"

Nikafurahi. Nani asiyefurahi kuitwa mpenzi baada ya miaka minne? Lakini hatujafika barabarani, akamgeukia kijana wa bodaboda: "Habibi, punguza bei." Muuza nyanya naye akawa habibi. Jioni mjumbe wetu wa nyumba kumi, mzee wa watu mwenye mvi na bakora, alikuja kumjulia hali mgeni, naye akaitwa habibi. Mzee alinitazama mimi, akaitazama bakora yake, akakaa kimya muda mrefu.

Mke wangu ndiye aliyemweka sawa. Nyumbani tunamwita Spika, kwa sababu hakuna hoja inayopita kwetu bila yeye kuiruhusu. "Huko Ghuba," akamweleza mjumbe, "mtu humwita habibi dereva wa teksi, mwenye duka, hata yule anayegombana naye." Muskati akadakia kwamba kule ukisikia "habibi" kwa sauti nzito, ujue unakataliwa jambo. Mjumbe akapoa, akaomba tende.

Sasa niwajulishe wengine wa nyumba, maana bila wao hamtaelewa maafa yalivyotufika. Mkubwa ni Zawadi, binti mtulivu. Wa pili ni mvulana tunayemwita Kamusi, yuko kidato cha kwanza na hakuna neno linalopita mbele yake bila kukaguliwa. Wa mwisho tunamwita Redio, ana miaka saba, anaanza matangazo alfajiri na hafungi mpaka alale. Na kule Mikumi yuko mama mkwe wangu, Bibi Reli, mjane wa mfanyakazi wa tawi la reli la Kilosa hadi Kidatu. Mpaka leo anakula kwa saa ya treni, hata siku ambazo treni yenyewe haipo. Amezaliwa kabla Hifadhi ya Taifa ya Mikumi haijaanzishwa mwaka 1964, kwa hiyo anawazungumzia tembo kama wapangaji waliokuja nyuma yake.

Usiku ule ule Kamusi akatuwekea darasa. Habibu, akasema, ni mpendwa, na ile "i" ya mwisho kwa Kiarabu ni "wangu". Kwa hiyo anayesema "habibi wangu" anasema "mpendwa wangu wangu". Tena habibi ni kwa mwanamume. Mwanamke ni habibti. Spika akasema Kiswahili hakina mambo hayo ya kutenganisha, mpenzi ni mpenzi, na sahani haziwezi kujiosha. Darasa likafungwa.

Siku ya tatu Muskati akaenda mnadani, akarudi na beberu mweupe mwenye doa jeusi kwenye jicho. Alikuwa wa dua ya shukrani ambayo ingesomwa kwa Bibi Reli siku tisa mbele. Nilimwambia shemeji amnunue siku ya kuamkia dua. Akanijibu, "Habibi, usijali." Nikajua nimekataliwa.

Ndugu yangu, kamwe usimweke mnyama wa kuchinjwa siku tisa kwenye nyumba yenye mtoto wa miaka saba. Kila asubuhi Muskati alimpelekea majani akimwambia, "Kula, habibi." Redio alimpa maganda ya ndizi na kumwambia hivyo hivyo. Akamfunga utepe wa sare shingoni. Siku ya nne yule beberu alikuwa amelikariri jina lake, na hapo ndipo nyumba yangu ilipoingia msukosuko.

Muskati ana marafiki wengi Muscat, na mazungumzo yao ya simu ni habibi mwanzo, katikati na mwisho. Kila alipolitamka, beberu alikata kamba na kumfuata. Alikuja wakati mimi nanyoa ndevu. Alikuja Zawadi akiwa anapiga pasi sare. Siku moja alfajiri simu ililia, Muskati akaitika kwa furaha kutoka chumba cha nyuma, na beberu akapita jikoni kama treni isiyo na breki. Spika alikuwa ameacha beseni la unga wa vitumbua uumuke usiku kucha. Mchele wake aliuloweka, akausaga, akautia nazi na iliki, na wateja wake wa stesheni walikuwa wanasubiri. Beseni likapinduka lote. Spika alisimama katikati ya lile ziwa jeupe bila kusema neno. Mwanamke anayesema kila siku akinyamaza, wewe chukua ufagio. Nilichukua.

Hasara haikuishia hapo. Mchicha wa jirani ulikwenda matuta mawili. Kanga mpya ambayo Spika alimwekea mama yake, ile ya pembe za zambarau, ilitafunwa maandishi yake yote. Tulibaki na pindo na mji usio na jina.

Siku ya safari ikafika. Nilikodi kirikuu, watu mbele na nyuma, beberu kati ya gunia la mchele na sufuria. Barabara ya Kilosa kwenda Mikumi inapita sehemu iitwayo Ulaya. Kila tukipita Redio hutangaza kwamba sasa amefika Ulaya, na siku hiyo alimwambia mjomba wake kwamba Muscat si kitu. Mimi nilikuwa nautazama mto Mkondoa ulivyojikunja, nikiwaza jinsi bonde hili lilivyopitisha watu. Misafara ya Pwani ilipanda humu na vitambaa na shanga. Burton na Speke walipita Usagara mwaka 1857 wakifuata njia hizo hizo. Na maneno nayo yalipanda juu ya vichwa vya wapagazi. Huba, mahaba, azizi, hayakuja kwa ndege. Nikaona kwamba neno la Muskati si geni hapa. Limerudi tu, safari hii limekata tiketi ya treni ya umeme.

Mikumi mnaijua. Jina ni la ile mivumo, mikumi, mirefu na vichwa vyake vya majani. Mji umekaa kwenye barabara kuu ya kwenda Iringa na Mbeya, ile inayokata hifadhi kwa kilomita 50 hivi, na kwa hiyo mabasi na malori hayakosekani. Tulisimama kununua vitunguu. Upande wa pili wa barabara Muskati akamwona rafiki aliyesoma naye. Niliona kifua chake kikijaa hewa. Nikamwita, "Shemeji, usi..." Nilichelewa.

"Ya habibiii!"

Beberu aliruka kutoka kwenye kirikuu, utepe ukipepea, akatua juu ya meza ya mama muuza nyanya. Sado mbili ziliviringika hadi lami. Basi lilifunga breki, utingo akashuka kutukemea, abiria wakatoa vichwa madirishani. Kamusi alimshika beberu pembe, Zawadi akaokota nyanya, Redio akamweleza kila abiria jina la mbuzi na tabia zake. Nililipa nyanya. Spika aliniambia kwa upole, "Baba Zawadi, mpe na ya usumbufu." Nikatoa na hiyo.

Kwa Bibi Reli tulifika tumechelewa, na kwake yeye kuchelewa ni kosa kubwa kuliko wizi. Lakini alipomwona mjukuu wake wa kiume aliyeyuka. "Mume wangu amekuja," akamwambia Kamusi, kama bibi zetu wanavyowatania wajukuu, naye Kamusi akatazama chini. Kisha Redio akamleta beberu. "Bibi, huyu ni Habibi."

"Nani?"

"Habibi. Maana yake mpenzi wangu. Kaka amesema."

Bibi alikaa kwenye mkeka, akamtazama mnyama, akamtazama mtoto aliyemkumbatia shingo. "Mwanangu," akamwambia Muskati, "umenirudia salama, nashukuru. Lakini mimi siwezi kumla aliyeitwa mpenzi na mjukuu wangu."

Muskati alijaribu kueleza kwamba kule Oman ni neno la kawaida tu. Bibi akamkatiza. Ujanani mwake, alisema, maneno hayo yalisikika kwenye santuri za taarabu: muhibu, mahabubu, laazizi. Marehemu mumewe alimsimulia habari za Siti binti Saad, aliyesafiri kutoka Unguja mpaka Bombay mwaka 1928 sauti yake ikarekodiwe. "Mtu alivuka bahari ili neno moja la mapenzi lisikike sawasawa. Wewe unalimwaga barabarani mpaka mbuzi analiokota."

Ustadhi aliyekuja kusoma dua ndiye aliyetuliza. Alisema hakuna katazo la kumchinja mnyama kwa sababu ana jina, ila moyo wa mtoto nao ni amana. Kisha akatuongezea elimu, na Kamusi akatoa daftari. Mtume wetu, akasema, huitwa Habibullah, kipenzi cha Mungu. Masharifu wa asili ya Hadhramaut nao huitwa Habib, kama Habib Saleh wa Lamu, aliyeujenga msikiti wa Riyadha unaojaa watu kila Maulidi. Muhibu kwa Kiarabu ni yule anayependa. Sisi Waswahili tukampa jina hilo yule anayependwa, na neno letu mpenzi linawabeba wote wawili, anayependa na anayependwa. "Na habasoda mnayotia kwenye chai," akamalizia, "ni habba, punje, nyeusi. Herufi za habba ndizo za habibu. Ndiyo haba na haba yenyewe, punje kwa punje hadi kibaba."

Tukala wali, maharage na kuku wawili walionunuliwa kwa jirani. Beberu alirudi na sisi Kilosa. Kirikuu nililipia mimi.

Nakiri kwako, ndugu yangu, kwamba maneno ya ustadhi yaliniingia. Miaka yote ya ndoa mke wangu ananiita Baba Zawadi. Nikawaza, mbuzi ana jina la mapenzi, mimi je? Basi usiku mmoja tulipobaki wawili nikamwita kwa sauti ya chini, kama Kamusi alivyofundisha: "Habibti."

Spika aliacha kukunja nguo. "Umefanya nini?" Akaniuliza tena, "Umekopa?" Nilihitaji nusu saa kumshawishi kwamba sijakopa, sijaharibu kitu, wala hakuna mgeni anayekuja.

Alipoamini akacheka hadi akakaa kitandani. Halafu akasema jambo ambalo sijaacha kulifikiri. "Unakumbuka mwaka wa maji?"

Nitasahauje? Mvua za mwishoni mwa 2009 na mwanzo wa 2010, Mkondoa uliposhinda tuta na kuingia mjini, reli ikasombwa na watu wakalala kwenye mahema. Zawadi alikuwa na miezi minne. Tulitoka ndani maji yakiwa kiunoni, tukapotezana gizani kati ya watu waliokuwa wakiita majina ya watu wao. Kulikuwa na akina mama wengi na waume wengi. Katika kelele ile yote nilisikia "Baba Zawadi!" mara moja, mara ya pili, mara ya tatu, nikaifuata sauti mpaka nikamshika mkono, mtoto akiwa juu ya bega lake. Jina lile lilikuwa jipya bado, la miezi minne tu. Kabati la harusi lilikwenda na maji, picha zikaenda. Jina likabaki.

"Nilikuita nini siku ile?" akaniuliza.

Sikuwa na hoja. Nikamsaidia kukunja nguo.

Muskati amerudi zake Muscat, anapiga simu kila Ijumaa, na siku hiyo tunafunga mlango wa jikoni. Beberu amenenepa, jirani amezungushia mchicha wake miiba, Redio amempa utepe mpya. Jana jioni nilikuwa kibarazani nimechoka, beberu amelala chini ya mpapai anacheua. Spika akaita kutoka uani, kama anavyoita kila siku:

"Baba Zawadi, maji ya kuoga tayari."

Beberu hakuinua hata sikio. Nikachukua taulo langu, nikaenda.