Kigae cha Mlango wa Jikoni

Kilianza kigae kimoja tu, pale mlangoni mwa jikoni. Ukikikanyaga kinalia kama kibuyu kikavu, na tukideki maji yanaruka pembeni yake. Mama mkwe, ambaye macho yake hayaoni tena vizuri, alijikwaa hapo asubuhi moja na sufuria ya uji ikamponyoka. Hakuungua, namshukuru Mungu. Siku hiyo hiyo nikamwambia mume wangu, "Baba watoto, hapa tusingoje mwisho wa mwezi."

Fundi tuliyemwita alikwangua grauti, akamimina uji wa saruji kwenye ufa, akaweka tofali juu, akasema kesho kitakuwa kimeshika. Kilishika wiki mbili. Kisha vigae vinne jirani yake navyo vikaanza kulia.

Jumamosi tukashika tindo na nyundo wenyewe. Tulipoking'oa cha kwanza nilihisi uchungu, kwa sababu nyumba hii tuliijenga kwa kujinyima. Chini yake palikuwa na madonge matano ya saruji, manne kwenye pembe na moja katikati, na kati ya madonge hayo hapakuwa na kitu. Kigae cha sentimita 40 kwa 40 kikiegemea madonge, mguu ukitua penye uwazi kinacheza, na kila kikicheza kinazidi kujibandua. Tena vyote vilikuwa vimebanana hadi ukutani. Kigae hutanuka kikipata joto. Kikikosa pa kwenda, huinuka.

Cha sita ndicho kilichotuponza. Tindo ilizama ikatoboa bomba, lililokuwa limelazwa juu juu mno, na maji yakaruka hadi kwenye kabati la vyombo. Mume wangu akakimbilia koki ya mita huko nje, akaikuta imeganda kwa kutu. Jirani akaja mbio na spana. Hadi inafungwa, sebule ilikuwa bwawa na mfuko wa unga wa sembe, kilo 25, umelowa wote. Unga ule uliniuma kuliko vigae.

Fundi bomba alitengeneza siku iliyofuata. Tukaacha sakafu ikauke, kisha akaja mzee mmoja aliyeletwa na jirani huyo. Kwanza alipita nyumba nzima akigonga kwa mpini wa tindo na kuweka alama ya chaki kila palipolia. Vilikuwa 23. Akabandua madonge ya zamani mpaka kwenye zege, akafagia vumbi, akapaka gundi ya vigae kwa mwiko wa meno. Alipotandika cha kwanza na kukigonga kwa nyundo ya mpira, mara akakiinua tena. "Mama, tazama mgongo wake." Gundi ilikuwa imeenea kote. Akakirudisha, akaendelea, akiacha milimita 3 kati ya kigae na kigae. Tulikatazwa kukanyaga kwa saa 24, tukala barazani.

Rangi ya zamani haipatikani tena madukani, kwa hiyo njia ya jikoni sasa ni ya kahawia. Mama mkwe anapita hapo bila kupapasa ukuta.

Nawe ukimwita fundi wa vigae, mwombe akiinue kile cha kwanza mbele ya macho yako, kabla hajatandika cha pili.